Jiwe Lina Mwenyewe: Mwongozo wa Kupiga Filamu ya Ngano Ukiwa Kamere

Kabla hujawasha kamera, jiulize: hadithi unazozifuata ni za mahali au ni za watu? Kwingine swali hili halisumbui. Mwaka 2023 mwongozaji wa Norwei, Margreth Olin, alitoa filamu ya makala iitwayo Fedrelandet, ambamo anamfuata babake mzee katika bonde la Oldedalen kwa misimu yote minne. Mzee anapouzungumzia mlima, ni mlima ambao wazazi wake na wazazi wao waliishi chini yake. Mdomo na mlima ni wa ukoo mmoja, na kamera haina kazi kubwa ila kukaa karibu na kunyamaza.

Kamere, ufuoni mwa Ziwa Naivasha, mambo ni tofauti. Mlima Longonot, magenge ya Hell's Gate na ziwa lenyewe vimebeba simulizi za Wamaasai. Lakini ukibisha hodi kwenye ploti yoyote hapo sentani, anayekufungulia huenda ametoka Siaya, Kakamega, Kisii, Turkana au Murang'a. Alikuja kuchuma maua au kuvua samaki, na mizigo yake ilipoteremshwa, hadithi za ziwa jingine na jiwe jingine ziliteremshwa nayo. Ukimsimamisha mtu huyo mbele ya Longonot akusimulie "ngano ya hapa", utapata picha nzuri na maneno ya kubuni, maana atajitahidi asikuvunje moyo. Filamu nyingi za ngano huharibikia hapo.

Kwa hiyo zitenge hadithi hizi. Hadithi za watu zitafute kwa watu, na za mawe zitafute kwa wenye mawe. Anza na za watu, kwa sababu wasimulizi wako umbali wa mlango mmoja na hakuna geti la kulipia.

Mlango wa jirani

Ukifika ufuoni Kamere asubuhi boti zinaporudi, tafuta mvuvi wa makamo aliyekulia Nyanza na umuulize habari za Nyamgondho. Hutahitaji kusukuma. Atakwambia kuhusu mvuvi maskini wa Gwassi aliyetupa wavu akanasa mwanamke kizee, akamwoa, zizi likajaa ng'ombe, kisha siku moja akarudi amelewa na kumtukana. Mwanamke aliingia ziwani, mifugo yote ikamfuata, na Nyamgondho aliyesimama ameegemea fimbo akageuka mti. Hadithi hiyo ni ya Ziwa Viktoria. Lakini ikisimuliwa na mtu anayechomoa kambamaisha wa Kimarekani kwenye wavu wake wa Naivasha, mnyama aliyeletwa ziwani humu mwaka 1970, inapata uzito ambao isingekuwa nao kule kwao Gwassi. Hiyo ndiyo filamu ambayo Kamere pekee inaweza kuitoa: ngano iliyohama pamoja na mwenyewe. Usimwondoe mvuvi kwenye wavu eti umpeleke mahali penye mandhari.

Mbinu ya kuuliza ina maana kuliko kamera uliyo nayo. Ukimwambia mtu "nisimulie ngano za kabila lenu", unamfanya awe mwalimu wa shule, naye atakupa muhtasari mkavu. Muulize nani alimsimulia. Muulize walikuwa wamekaa wapi, moto ulikuwa upande gani, nani alilala kabla hadithi haijaisha. Mjaluo aliyelala siwindhe, nyumba ya nyanya, atakumbuka harufu ya mahali pale kabla ya kukumbuka mkasa. Kutoka hapo hadithi hujileta yenyewe. Na mwite mtu kwa jina la heshima analolitumia kwao: nyanya wa Kijaluo ni dani, wa Kiluhya ni kukhu, wa Kikuyu ni cucu au shosho, wa Kimaasai ni koko. Ukimwita kila mmoja "mama" hutakosea, lakini hutavuka kizingiti.

Usishangae ukikataliwa saa nne asubuhi. Jamii nyingi zetu zilipiga marufuku hadithi mchana, watoto wasije wakasahau mbuzi. Wazee wengine wanaishika sheria hiyo hadi leo, hata kama mbuzi walibaki Ugenya. Panga kurudi jioni. Balbu moja ya sola iliyowekwa pembeni, nyuma kidogo ya bega la msimulizi, ikisaidiwa na makaa ya jiko, inatosha kwa kamera nyingi za siku hizi. Tochi ya simu usimmulike nayo usoni. Atakunja uso, na watoto watakimbilia kwenye mwanga kama kumbikumbi.

Waliosoma Fasihi Simulizi kidato cha tatu wanakumbuka fanani na hadhira. Wapigaji filamu wengi humpiga fanani peke yake. Matokeo yake ni mzee anayeongea na ukuta. Msimulizi wa Kikuyu husema "Uga itha!" na wasikilizaji hujibu "Itha!"; usiporekodi jibu, umerekodi nusu ya sentensi. Weka kamera ya kwanza kwa msimulizi na simu ya pili, hata ya kuazima, kwa wasikilizaji. Mtoto anayeacha kutafuna, zimwi linapobisha mlango, atakufaa wakati wa kuhariri kuliko dakika kumi za maelezo.

Sauti kwanza, kisha sauti tena

Mtazamaji husamehe picha yenye giza. Sauti mbovu hasamehe. Kamere ina maadui watatu wa sauti, na kila mmoja ana saa yake. Upepo ndio mkubwa: asubuhi ziwa limetulia, kisha mchana mawimbi yanaamka na maiki inapokea mngurumo tu. Mambo yote ya ufuoni yamalize kabla ya saa tano. Adui wa pili ni mabati mvua inaponyesha. Masika ya Machi hadi Mei na vuli ya Oktoba hadi Desemba, ukirekodi ndani ya nyumba ya mabati bila dari, hutasikia neno. Wa tatu ni jirani mwenye redio. Huyo dawa yake ni kumkaribisha, si kumfokea; akiketi na hadhira, redio inazimwa yenyewe.

Nunua maiki ndogo ya kubana kwenye shati kabla ya kununua lenzi. Ikikupata hali ya kukosa, lalisha simu moja chini ya leso mapajani pa msimulizi, iwe inarekodi sauti tu, na mwanzoni piga makofi mara moja mbele ya kamera ili uweze kuoanisha sauti na picha baadaye. Kabla ya kuondoka mahali popote, omba watu wote wanyamaze dakika nzima urekodi ukimya wa hapo. Ukimya wa ploti ya Kamere una mbwa, una sufuria, una boda inayopanda kilima, na utauhitaji kuziba viraka.

Kazi ya mikono nayo ni sauti. Kisu kinachoparua magamba ya tilapia, mahindi yakipukuchuliwa kwenye karai, uzi ukivutwa kwenye wavu: yarekodi haya kwa karibu, kila moja peke yake. Watu wengi husimulia vizuri mikono ikiwa na shughuli, kwa hiyo usimwambie mtu aache kazi "ili tuanze". Mmeshaanza.

Ukienda kwenye jiwe

Hell's Gate iko karibu na Kamere kiasi cha kwenda kwa baiskeli, na watu wengi huingilia Elsa Gate. Ndani, si mbali na geti, linasimama jiwe la Fischer's Tower, urefu wake kama mita 25. Jina lilitokana na Gustav Fischer, Mjerumani aliyefika pande hizi mwaka 1883 na kuzuiwa na Wamaasai asiendelee. Simulizi ya Wamaasai haimtaji. Inamtaja bibi harusi aliyekuwa akipelekwa kwa mumewe, akakatazwa kugeuka nyuma, akageuka kuiangalia nyumba ya wazazi wake mara ya mwisho, na hapo hapo akawa jiwe. Wanajiolojia wana yao: lava iliyoganda kwenye koo la volkano, kisha ardhi laini iliyoizunguka ikaliwa na mvua na upepo. Norwei nako majitu ya milimani hugeuka mawe jua likiwakuta nje, na wageni wanaonyeshwa vilele vilivyokuwa majitu.

Jinsi ya kulipiga jiwe hili ni somo kamili. Fika geti linapofunguliwa. Jua la asubuhi huja na mwanga wa ubavuni unaoonyesha kila mpasuko. Ikifika saa nne limepanda, na jiwe linakuwa bapa. Chini yake pimbi hutoka kuota jua na hawaogopi watu, wamezoea mabaki ya chakula cha watalii. Waache waingie kwenye picha, lakini usiwalishe. Usianze na jiwe zima. Anza na mpasuko mmoja, kisha pimbi, kisha mkono wa msimulizi ukionyesha, ndipo jiwe. Msimulizi wako awe mtu wa jamii ya Kimaasai anayeijua simulizi kwa kusimuliwa na wakubwa wake, na asimame akilitazama jiwe. Akikutazama wewe atakueleza, na maelezo si masimulizi.

Kisha mwache amalize. Usimuulize kama anaamini. Swali hilo lina harufu ya mgeni, na jibu lake halijawahi kuongeza kitu kwenye filamu.

Hapa makaratasi huanza. Ndani ya hifadhi, kupiga filamu kunahitaji kibali na ada ya Shirika la Huduma kwa Wanyamapori, KWS, mbali na tiketi ya kuingilia. Leseni ya kupiga filamu inasimamiwa na Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza, Sura ya 222. Waulize Kamisheni ya Filamu ya Kenya wakuelekeze. Ukitaka kuionyesha hadharani, filamu hupitia kwanza kwa Bodi ya Uainishaji wa Filamu, KFCB. Droni ina kanuni zake za Mamlaka ya Usafiri wa Anga za mwaka 2020, na hifadhini inahitaji ruhusa nyingine juu ya hiyo. Kusema kweli, droni iache. Ukiwa mita mia moja juu, Naivasha inafanana na maziwa ya Awasa na Geneva, na hakuna bibi harusi anayeonekana kutoka huko. Ufuoni Kamere, mtu wa kumwona ni mwenyekiti wa BMU (kikundi cha usimamizi wa ufuo), na huko mitaani ni chifu au mzee wa Nyumba Kumi. Waone kabla ya kufungua begi.

Lakini kibali cha serikali hakikupi hadithi. Kenya ina sheria ya mwaka 2016 ya kulinda maarifa ya jadi na tamaduni, inayohesabu hadithi, visasili na vitendawili kuwa mali ya jamii, na inayotaka jamii iridhie kwa kuelezwa kabla mtu hajazitumia. Wapigaji filamu wengi hawajawahi kuisikia. Kwa hiyo kaa na wazee, sema filamu itaenda wapi (WhatsApp, YouTube, televisheni, ng'ambo), sema kama kuna pesa na zitagawanywaje, halafu urekodi ridhaa yao kwa lugha yao, kwa kamera, maana karatasi ya Kiingereza iliyotiwa dole gumba haimlindi mtu yeyote. Anayedhani mambo haya ni urasimu aende kaskazini kidogo hadi Ziwa Bogoria. Waendorois wanaamini roho za wafu wao wote, popote walipozikwa, zinaishi katika ziwa hilo. Waliondolewa mwaka 1973 ili pawe hifadhi ya wanyama, wakapeleka kesi hadi Tume ya Afrika ya Haki za Binadamu, na mwaka 2010 uamuzi wa kuwapa haki ukatangazwa. Imani zao kuhusu ziwa zilikuwa sehemu ya hoja zao. Hadithi kama hiyo huichukui kwa soda na mkate.

Kuhusu malipo, sema mapema. Sukari, majani ya chai na unga ni adabu ya mgeni. Ukimshikilia mtu kutwa, mlipe kutwa yake, kwa sababu mvuvi aliyekusimulia amekosa ziwa na mchuma maua ametumia siku yake pekee ya mapumziko. Na usipange kazi na watu wa maua kuanzia Januari hadi katikati ya Februari. Valentine inawamaliza.

Usifiche bomba

Kishawishi kikubwa cha mandhari ya hapa ni kuyasafisha. Olkaria imezalisha umeme wa mvuke tangu 1981, na mabomba yake yanakatiza mabondeni, mengine yakiinuliwa juu ili twiga apite. Kandokando ya ziwa ni mahema ya maua, plastiki hadi upeo. Mpiga filamu wa ngano hugeuza kamera ili visionekane, apate "Afrika ya kale". Mimi nasema vionyeshe. Mwaka 2014 kuna vijiji vya Wamaasai vilivyohamishwa Olkaria kupisha mtambo mpya, na watu hao wanasimulia mahali walipokuwa kwa kuhesabu mabomba. Ukiyakata mabomba kwenye picha umekata nusu ya simulizi.

Ufuo huu wa kusini, kwa kweli, umepigwa picha muda mrefu. Alan na Joan Root, waliokuwa na makao hapa, walitengeneza filamu ya mchwa ya mwaka 1978 iliyoteuliwa kuwania Oscar. Joy Adamson aliishi Elsamere, na nyumba yake bado hupokea wageni. Waliochora katuni ya The Lion King walikuja kutazama magenge ya Hell's Gate. Simba, mchwa na viboko wa Naivasha wana filamu zao. Hadithi za watu wanaouza chapati sentani hazina.

Mambo mawili ya kukuweka hai. Korongo la Ol Njorowa hujaa maji ghafla mvua ikinyesha mbali juu, hata kama juu ya kichwa chako kuna jua. Mwaka 2012 walikufa watu saba humo, na mwaka 2019 saba wengine. Mawingu yakitanda upande wa juu, toka, picha utaikuta kesho. La pili ni kiboko. Jioni hutoka majini kula nyasi, na mtu aliyechuchumaa nyuma ya tripodi anamzibia njia ya kurudi ziwani. Giza likiingia usikae ufuoni bila wavuvi, na ukitaka picha za uvuvi wa usiku, mpe mvuvi kamera. Julia Dahr wa Norwei alifanya hivyo kwenye filamu ya Thank You for the Rain ya mwaka 2017: mkulima wa Ukambani, Kisilu Musya, alishika kamera mwenyewe, akarekodi familia yake, ukame na mvua. Picha za Kisilu zinatikisika na ndizo zinazobaki kichwani.

Yasiyosemwa ovyo

Usianze mazungumzo kwa kuuliza kabila. Januari 2008, baada ya uchaguzi, Naivasha iliwaka. Watu waliuawa na nyumba kuchomwa kwa sababu ya majina yao, na waliookoka wapo, wanapanga foleni moja ya maji na wewe. Muulize mtu alikulia wapi na usubiri, kabila litajitokeza lenyewe kwenye hadithi. Mwaka wa uchaguzi fanya kazi hii mapema au uiahirishe.

Uchawi ni jambo la kushika kwa koleo. Zimwi la ngano halidhuru mtu. Lakini hadithi ikifika kwa kikongwe fulani mwenye nyumba inayojulikana, zima kamera. The Letter, filamu ya Maia Lekow na Christopher King ya mwaka 2019, ilionyesha jinsi wazee wa Pwani wanavyoitwa wachawi na kuhofia maisha yao, mara nyingi kwa sababu ya shamba. Klipu ya sekunde thelathini inayozunguka WhatsApp inaweza kufanya kazi hiyo kwa haraka zaidi.

Mezani

Mwache kila mtu asimulie kwa lugha aliyosimuliwa nayo, kisha uandike manukuu ya Kiswahili. Tafsiri ifanywe na wawili, kijana na mtu mzima, wabishane mbele yako. Kijana atarahisisha na mtu mzima atakataa, na katikati yao ndipo palipo na sentensi yako. Manukuu yasizidi mistari miwili, na yasimzibe msimulizi mdomo. Ukipata matoleo matatu ya hadithi moja, usitafute la kweli. Asbjørnsen na Moe, waliochapisha ngano za Norwei kuanzia miaka ya 1840, walizisawazisha zisomeke vizuri, na Wanorwei wengi leo wanajua toleo la kitabu kuliko la bibi zao. Wewe una nafasi ya kuyaweka yote matatu kwenye filamu moja, msimulizi mmoja akimkosoa mwenzake.

Muziki wa kukodi kutoka intaneti, wenye filimbi na ngoma za "kiafrika", usiuguse. Ukimya ule wa dakika moja unatosha.

Kabla ya mtu mwingine yeyote, waonyeshe wasimulizi wenyewe. Shuka jeupe, projekta ya kukodi kanisani au baa, na spika moja. Panga Jumamosi jioni mshahara ukiwa umeingia, watu wawe na raha. Keti pembeni na daftari, uandike walipocheka, walipopiga kelele "si hivyo!", na aliyeinuka akaondoka. Atakayetaka sehemu yake ikatwe, ikate usiku huo huo bila kumwomba sababu. Kila msimulizi apewe hadithi yake kwenye kadi ya kumbukumbu ya simu, nzima, bila kuhaririwa. Faili usiziache na majina ya kamera. Kila moja iandikwe jina la msimulizi, aliyemsimulia yeye, mahali na tarehe, na zihifadhiwe kwenye diski mbili zinazokaa nyumba tofauti, moja yao mbali na maji. Ziwa hili limeshapanda hadi milangoni mwa watu.